Ukuta wa Bafu la Mama Mkwe

Katika depo ya vifaa vya ujenzi anakofanya kazi Gamaliel, mjini Butembo, mashariki mwa Kongo, hakuna mteja anayebeba karo, vile vigae vya ukutani, kabla hazijapita mikononi mwake. Huichukua kila moja kwa vidole viwili, akaining'iniza hewani kwa pembe yake, kisha akaigonga kwa kifundo cha kidole. Ikilia kwa sauti nyembamba na ndefu, ni nzima. Ikitoa sauti fupi iliyokauka, ina ufa, hata kama jicho halioni kitu. Gamaliel huiweka kando bila maneno mengi, na mteja humwamini.

"Gama, weye ulipotea njia," Onésime, muuzaji mwenzake, humtania. "Ungekuwa docteur. Ungegonga batu ku kifua, unaambia huyu: enda nyumbani. Na ule: itisha pasta."

"Na weye ningekugonga ku kichwa," Gamaliel humjibu, "lakini naogopa sauti ya mutungi mutupu."

Sikio hilo hakulipata shuleni. Katika ujana wake alishusha mifuko ya saruji kutoka kwenye malori yaliyopanda kutoka Kasindi, nyusi zake zikiwa nyeupe kama za mzee. Baadaye akapangwa ndani, kwenye masanduku ya karo, na kwa kuwa taa ya depo ilikuwa hafifu, akajifunza kusikiliza pale ambapo hakuweza kuona. Leo ana mke, watoto wanaosoma, nafasi yake katika kwaya ya kanisa, na nyumba ya mbao yenye mabati kwenye mteremko wa kilima, kama nyumba nyingi za mtaa wao. Ni mtu mpole asiyependa kelele. Kwa hiyo ajabu ni kwamba siku alipojenga bafu nyumbani kwake mwenyewe, alisahau kusikiliza.

Habari ilianzia kijijini Kalunguta. Mama mkwe wake, Kyakimwa, aliishi huko peke yake tangu afiwe na mumewe, pamoja na maharagwe yake na kuku wake. Asubuhi moja, akitoka kuoga kwenye uzio wa matete nyuma ya nyumba, aliteleza kwenye tope akaumia nyonga. Mfupa haukuvunjika, lakini tangu siku hiyo hakuweza kutembea bila fimbo, wala kuchota maji, wala kuinama shambani. Kavuo, mke wa Gamaliel, akawa mtu wa kushtuka. Simu ikilia, hushika kifua kwanza ndipo aishike simu.

"Mama hawezi tena kubakia yeye peke kule," alimwambia mumewe. "Akianguka tena, nani atamuokota? Kuku?"

"Akuye," Gamaliel alisema. "Nyumba iko."

Kyakimwa hakukubali upesi. Aliuliza nani atapalilia, nani atafunga mlango wa kuku, na mtu anawezaje kulala mahali ambapo pikipiki hazinyamazi. Mwishowe alijibu kwa simu ya jirani: "Nitakuja kujaribu. Nikiweza, nitabaki. Nikishindwa, munirudishe kwangu, na mutu asinililie."

Kavuo alimjua mama yake. Akisema atarudi, atarudi, hata kama ni kwa kutambaa njia nzima. Na Gamaliel aliliona jambo hilo jinsi lilivyo: mama mkwe akishindwa kukaa kwake, siku moja ataokotwa kwenye tope la Kalunguta, na Kavuo hatasahau maisha yake yote.

Ndipo alipolifikiria bafu. Lile lao la zamani lilikuwa chini ya mteremko, nyuma ya jiko: nguzo za mkalitusi, turubai la bashi lililochanika, na mawe ya kukanyagia yaliyoota kuvu. Mwenye fimbo asingefika huko. Bafu jipya lilipaswa kuwa ndani ya nyumba.

Gamaliel alilipima neno hilo kwa bidii, kama anavyompimia mteja. Kuta za mbao tupu zingeoza kabla ya mwaka kwisha. Mabati yangeshika kutu, tena hutoa baridi mbaya asubuhi. Matofali ni mazito na ya polepole, na mama mkwe alikuwa njiani. Akachagua tripleksi, zile mbao nyembamba zilizogandishwa pamoja, akazipaka lami upande wa maji, na juu yake akabandika karo nyeupe za kung'aa, nzuri kuliko zote za depo. Aliligawa bafu kutoka kwenye kona ya sebule, kwa sababu bomba la tanki lilipita hapo.

"Hapo karibu na salon?" Kavuo aliuliza.

"Njo hapo maji inapita."

"Mm," Kavuo akasema.

Mwanamume aliyekaa na mke miaka mingi angepaswa kuuliza maana ya "mm" ile. Gamaliel hakuuliza. Alikuwa akipangusa karo zake kwa kitambaa, na kila moja ilimrudishia uso wake ukitabasamu.

Isidhaniwe kwamba alikuwa mtu asiye na adabu ya ukwe. Katika ukoo wa Kavuo, mama na mume wa binti yake huheshimiana kwa kuwekeana nafasi. Hawakai kwenye kiti kimoja. Hawatazamani machoni. Mama hali chakula mbele ya mkwe, na mkwe hukohoa njiani kabla ya kuingia uani, ili mama apate muda wa kujitanda kitenge. Gamaliel aliyashika yote hayo. Hata mlango wa bafu aliuelekeza upande wa jiko, ili asimwone mama akiingia wala akitoka. Aliona kwamba amemaliza kila kitu.

Kyakimwa alifika kwa gari la watu wa Kalunguta, pamoja na jembe lake na mfuko wa maharagwe. Alioneshwa bafu. Aligusa karo kwa ncha ya fimbo.

"Ni muzuri," alimwambia binti yake. "Inaangaza. Naona mukubwa fulani mule ndani ananitazama."

"Ni weye, mama."

"Najua ni miye. Lakini sikumwita."

Kavuo alicheka, na Gamaliel, aliyekuwa nje akijifanya kurekebisha mlango wa ua, alicheka pia kimoyomoyo. Alidhani kazi imekubaliwa.

Lakini siku zikapita, na taulo la mama likabaki kavu kwenye msumari. Asubuhi alisema maji ni baridi. Kavuo akayapasha. Jioni alisema amechoka. Jumapili, watu wote walipokwenda kanisani, yeye alibaki akisema mguu unamuuma, na waliporudi taulo lilikuwa limelowa. Kisha likakauka tena. Akaanza kuulizia habari za magari yanayokwenda Kalunguta.

"Mama iko na nini?" Gamaliel alimuuliza mkewe.

"Wazee ni vile."

"Ni karo? Inateleza?"

"Karo haina mubaya," Kavuo alisema, akageukia sufuria zake.

Jumamosi moja mvua ilinyesha mchana. Mvua ya Butembo juu ya mabati yasiyo na dari huwafanya watu waache mazungumzo katikati ya neno. Gamaliel alikuwa sebuleni akiuchonga mpini wa jembe la mama, maana ule wa zamani ulikuwa umepasuka. Kupitia mlango wa jikoni uliokuwa wazi aliona ncha ya fimbo ikipita upesi kuliko kawaida. Mama mkwe alikwenda kuoga. Gamaliel alifurahi, akakumbuka kwamba hata mvua ya katikati ya juma, siku aliyorudi mapema kutoka kazini, fimbo ile ilipita vivyo hivyo. Akajiambia kwamba labda mvua humkumbusha mambo ya shamba.

Ndipo mvua ikakatika ghafla, kama mtu aliyefunga bomba.

Na kila kitu kikasikika. Maji yaliyomwagika kutoka kwenye kopo. Sabuni iliyoanguka ndani ya beseni. Pumzi ya mwanamke mzee anayenyoosha mgongo, kikohozi kidogo, mkono ukipiga ngozi iliyolowa. Tripleksi ililia kama ngozi ya ngoma, na karo zilizobandikwa juu yake zikaipeleka kila sauti hadi kwenye kiti cha Gamaliel, kana kwamba hapakuwa na ukuta hata kidogo.

Kisha kimya. Upande wa pili Kyakimwa naye alikuwa amesikia kwamba mvua imekwisha. Alikuwa amesikia kisu kikichonga mpini. Hakumwaga tena maji. Hakutikisika. Alisimama humo uchi, na povu mwilini, kwenye baridi ya mchana ule, akingoja.

Gamaliel aliweka kisu chini polepole. Alitoka kwa mlango wa mbele bila kofia, akaubamiza mlango nyuma yake kwa kishindo ili usikike, akateremka barabarani kwenye matope. Alipita duka la unga, akapita mafundi wa pikipiki, bila kumsalimu mtu. Masikio yalimwaka moto. Yeye, anayesikia ufa ndani ya karo, alikuwa amemjengea mama wa watu ngoma ya kuogea.

Aliporudi, baada ya kukohoa njia nzima kama mgonjwa, Kavuo alikuwa uani akisafisha sombe, majani ya muhogo, macho yamevimba.

"Amesema Jumanne," Kavuo alisema. "Anarudi kwake."

"Juu ya nini hukuniambia?"

"Ningesema aje, Gama? Mama yangu akioga, bwana yangu anasikia. Maneno ya vile inatokaka mu kinywa gani?"

"Ulisema 'mm'."

"Njo ilikuwa ile."

Walikaa wakitazamana, kisha, bila kupenda, wakaanza kucheka, Kavuo akifuta machozi kwa kiwiko kwa sababu mikono ilijaa sombe. Lakini Jumanne ilikuwa karibu. Kwenda kumwomba mama radhi hakungewezekana. Kulitaja jambo hilo mbele yake kungekuwa kulisikia mara ya pili.

"Nitavunja," Gamaliel alisema.

"Na nikiulizwa?"

Gamaliel aliwaza kidogo. "Sema karo ilikuwa na ufa."

Kavuo alimtazama. Kwa mtu wa kazi yake, hilo halikuwa neno jepesi. Lakini jioni ile ile Gamaliel alichukua nyundo, na Kyakimwa, aliyekuwa ameketi karibu na jiko, aliuliza, "Banavunja nini kule?"

"Karo, mama," Kavuo alijibu. "Ilikuwa na ufa. Hakuijua vizuri."

Mama mzee alisikiliza mapigo ya nyundo kwa muda. Alijua, kama kila mtu wa mtaa ule alivyojua, kwamba mkwe wake hakosei karo.

"Basi hapana Jumanne," alisema. "Mutu hatoke mu nyumba yenye kuvunjwa. Ningoje nione."

Onésime alipopata habari alicheka hadi akakaa juu ya sanduku. "Gama ameweka karo ya ufa kwake! Leo depo ifungwe! Tuvae nguo ya kilio!"

"Cheka," Gamaliel alisema. "Ukimaliza, unisaidie kubeba."

Sasa alianza upya, na safari hii alianza na sikio. Kila nyumba aliyopeleka karo, aliomba mtu amwage maji bafuni naye asimame upande wa pili. Watu walimdhania kachanganyikiwa. Mbao zilipitisha kila tone. Mabati yaliongeza hata kile ambacho hakikuwepo. Tofali moja jembamba la saruji lilipunguza, lakini kikohozi bado kilipita.

Katikati ya juma alitumwa mjini Beni kupeleka mzigo wa Issaka, msafirishaji, Mwislamu mwenye nyumba kubwa ambayo sebule yake haikauki wageni, madereva na wafanyabiashara wanaokuja kupatana naye. Gamaliel alijua kwamba bafu la akina mama wa nyumba ile limepakana na sebule hiyo. Alikunywa chai, akauliza habari za watoto, kisha akaleta ombi lake.

"Subhanallahi, ndugu," Issaka alisema, akiweka kikombe chini. "Batu banakujaka hapa kwa chai. Bengine kwa deni. Weye unakuja kusikiliza ukuta?"

"Nakuomba, Issaka. Mama Hadjara amwage tu maji. Hata kwa sakafu."

"Aisha!" Issaka aliita. "Mu-Protestanti anataka umubatize ukuta!"

Aisha, mkewe, ambaye watu humwita Mama Hadjara, alijibu kutoka ndani kwamba ubatizo ni kazi yao wenyewe, lakini ndoo anayo. Wakangoja. Gamaliel aliegemeza sikio lake ukutani. Alisikia moyo wake mwenyewe, na lori likipiga honi barabarani.

"Muambie aanze," alisema.

"Nimemaliza zamani," Aisha alisema mlangoni, ndoo tupu mkononi. "Nilipiga hata kelele nikamuita Issaka mwizi wa chai. Hukusikia?"

Ukuta ule ulikuwa wa matofali ya udongo mbichi, mnene kama urefu wa mkono hadi kwenye kiwiko. Udongo humeza sauti. Lakini Gamaliel aliingia kwa ruhusa akatazama upande wa maji, akaona kwamba chini, pale ambapo lipu ilikuwa imebanduka, maji yalikuwa yameanza kuula udongo kama panya wanavyokula mahindi. Udongo peke yake usingedumu.

Njia nzima ya kurudi Butembo alikaa mbele karibu na dereva, karo moja magotini, akiigonga. Ikining'inia, ililia. Akiibana kwa kiganja chote, ilinyamaza. Dereva alimvumilia hadi Maboya, kisha akamwuliza kama anaimba au anaumwa. Gamaliel alicheka. Alikuwa ameshaelewa. Kitu chembamba kisichoegemea kitu hulia. Kitu kilicholala juu ya uzito hunyamaza. Na ukuta wenyewe usiguse mbao za nyumba hata mahali pamoja, kwa maana mbao ni wachongezi.

Alimwita Mumbere, fundi mwashi wa mtaa, akamweleza: ndani, upande wa maji, matofali yaliyochomwa, yapakwe saruji na kulainishwa kwa mwiko hadi yasinywe tone, nyuma yake, upande wa sebule, matofali ya udongo mbichi, manene, na kati ya udongo huo na ubao wa sebule, nafasi ya kiganja.

"Papa Gama," Mumbere alisema, "nyumba ya mbao, na mule ndani ngome ya jeshi. Unaficha nani?"

"Naficha maji."

"Na karo? Naona masanduku iko hapa."

Gamaliel aliyatazama masanduku. Zilikuwa karo nzuri kweli. Akakumbuka mkubwa yule anayetazama bila kuitwa.

"Hapana karo," alisema. "Saruji tu. Laini, ya kijivu, isiangaze."

Ukuta ulipanda polepole, kwa kuwa mvua hazikuruhusu haraka. Siku zile zote Gamaliel alijiwekea desturi ya kutoka saa za mchana na kurudi akikohoa tangu kona ya barabara, mpaka mafundi wa pikipiki wakampa jina la Papa Kikohozi. Mama mkwe alioga kwa beseni chumbani mwake, akitazama dirishani matofali yanavyopita. Hakuuliza kwa nini karo yenye ufa inahitaji udongo wote ule.

Saruji ilipokauka, Gamaliel alimwomba mkewe aingie na ndoo mbili za maji. Alikaa kwenye kiti chake cha sebuleni, akafumba macho.

"Kavuo, anza," aliita. Akangoja. "Kavuo! Anza basi, nangoja!"

Mkewe alitokea mlango wa jikoni, kitenge kimemgandia mwilini, maji yakimtoka puani. "Nimemaliza zote mbili! Nimeimba hata wimbo wa kwaya! Unataka nitoboe mulima?"

Siku mbili tatu zilipita bila neno. Kisha ikaja siku ya jua kali, mbingu tupu, mabati yakilia kwa joto. Gamaliel alikuwa sebuleni akimalizia mpini wa jembe, maana alikuwa ameuacha tangu ile Jumamosi. Hakusikia kitu chochote ila kisu chake. Alipotoka nje kutupa maranda, alimwona Kyakimwa ameketi uani juani, amempa mgongo, miguu yake iliyolowa ameinyoosha mbele. Taulo lilikuwa kwenye kamba, likidondosha matone.

Gamaliel alisimama, akakohoa.

"Kavuo," mama mzee aliita kwa sauti, ingawa Kavuo alikuwa karibu naye akichambua maharagwe, "ambia bwana yako, bakienda Kalunguta, baniletee kuku yangu. Jirani amechoka nayo."

Kavuo aliweka ungo chini.

"Amesikia, mama," alisema.

"Najua anasikiaka. Jembe pia aweke karibu na mulango. Nitapanda kitu hapa, hata kama ni mboga ya lengalenga tu."

Gamaliel aliliegemeza jembe ukutani, kwa heshima, mbali kidogo na kiti cha mama. Kisha akazunguka nyuma ya jiko, akaanza kupima kwa macho mahali pa banda la kuku. Udongo mbichi, alikuwa akiwaza, labda na safu ya matofali ya kuchoma chini, kwa sababu ya unyevu. Kavuo alimfuata, akamwona ameshika kidevu.

"Gama," alisema. "Ni kuku. Kuku hapana na haya. Weka mbao."